Nani Aamue Uso wa Buddha? Kisa cha Kuta za Lo Manthang

Kisa hiki kinahusu watu waliokuwa na nia moja, wakafanya kazi pamoja kwa miaka zaidi ya kumi, halafu wakahitilafiana juu ya jambo ambalo kwa aliye mbali laweza kuonekana dogo. Mahali ambapo mchoro wa kale umebanduka na kuacha udongo mtupu ukutani, je, pachorwe upya au paachwe hivyo hivyo? Upande mmoja walikuwa wakazi wa Lo Manthang, mji mdogo wenye boma kaskazini kabisa mwa Nepal, pamoja na mafundi waliokubali hoja yao. Upande wa pili walikuwa wahifadhi na wanahistoria wa sanaa, wengi wao kutoka Ulaya. Nimekifuatilia kisa hiki kwa muda mrefu kwa sababu naamini swali lake ni zito kuliko rangi, na kwa sababu wengi wanaolizungumzia huishia kuchagua upande kabla hawajauangalia ukuta wenyewe.

Lo Manthang iko Mustang ya Juu, karibu mita 3,800 juu ya usawa wa bahari. Aliyepanda Kilimanjaro kwa njia ya Marangu anaweza kukisia urefu huo, kwa kuwa unazidi kidogo ule wa vibanda vya Horombo. Ila hapa watu wamejenga mji, wanalima shayiri, wanafuga mbuzi, farasi na yaki. Njia ya kufika huko kutoka kusini hufuata bonde la mto Kali Gandaki, ambao umekata milima katikati ya Dhaulagiri yenye mita 8,167 na Annapurna yenye mita 8,091. Vilele hivyo huzuia mawingu ya monsuni yanayotoka Bahari ya Hindi. Upande wa kusini ni misitu na mvua. Upande wa kaskazini ni vumbi, miamba ya rangi ya kutu, na upepo unaoanza kuvuma kabla ya adhuhuri na kuendelea hadi jioni. Ukavu huo ndio uliowezesha majengo ya udongo kusimama kwa zaidi ya miaka 500.

Utajiri uliojenga mji ulikuwa wa chumvi. Chumvi ya maziwa ya Tibet ilishuka kusini kwa misafara ya wanyama, nafaka ya mabondeni ikapanda kaskazini, na ufalme wa Lo ulikaa katikati ukitoza ushuru. Ame Pal, anayehesabiwa kuwa mwasisi wa ufalme huo kati ya mwisho wa karne ya 14 na mwanzo wa karne ya 15, pamoja na warithi wake, walizitumia mali hizo kwa namna ambayo watawala Wabuddha wa zama zile waliiona kuwa wajibu: walijenga mahekalu na kuwaalika wanazuoni. Aliyealikwa kwa heshima kubwa kuliko wote alikuwa Ngorchen Kunga Zangpo wa madhehebu ya Sakya, mwanzilishi wa monasteri ya Ngor huko Tibet mwaka 1429. Alikuja Lo mara tatu, mwaka 1427, 1436 na 1447, na hadi leo watawa wa Lo Manthang wanafuata mapokeo yake.

Katika wimbi hilo ndipo yalipojengwa mahekalu mawili ya kisa chetu. Jampa, hekalu la Maitreya, yaani Buddha anayetarajiwa kuja, lilijengwa katikati ya karne ya 15. Ndani yake kuna sanamu ya udongo ya Maitreya, kubwa kiasi cha kupenya kutoka ghorofa ya chini hadi ya juu yake, na kuta za ghorofa hiyo ya juu zimefunikwa na mandala, yaani michoro ya makasri ya watakatifu, moja baada ya nyingine, safu juu ya safu. Thubchen, lililojengwa miaka ya 1470, ni ukumbi mkubwa wa kusanyiko wenye msitu wa nguzo za mbao, na kutani mna mabuddha na mabodhisattva, yaani watakatifu walio njiani kuwa mabuddha, waliokaa wakubwa kuliko binadamu, wamezungukwa na viti vya enzi, majoka, tembo, maua, na wafuasi wadogo wasiohesabika. Mkono wa wachoraji wa Kinewar wa bonde la Kathmandu, waliokuwa na sifa Himalaya nzima, unaonekana wazi katika mapambo hayo.

Kisha mambo yakageuka. Mwishoni mwa karne ya 18 Lo iliingia chini ya himaya ya Gorkha, iliyounda Nepal ya leo, mfalme akabaki raja anayelipa kodi Kathmandu. Biashara ya chumvi ilihamia mikononi mwa wengine na baadaye ikafifia. Baada ya machafuko ya Tibet ya mwaka 1959 mpaka ulifungwa, na kuanzia mwaka 1960 hadi 1974 wapiganaji wa Kitibeti kutoka Kham, mashariki mwa Tibet, waliifanya Mustang kambi yao. Serikali ya Nepal iliwazuia wageni kuingia Mustang ya Juu hadi mwaka 1992. Kwa hiyo katika sehemu kubwa ya karne ya 20 wageni walioziona kuta zile walikuwa wachache mno. Mmoja wao alikuwa Mwitalia Giuseppe Tucci, mtaalamu wa utamaduni wa Tibet, aliyefika mwaka 1952.

Nimesimulia historia hii kwa sababu inaeleza hali ya majengo milango ilipofunguliwa. Hapakuwa na aliyeyabomoa, na hapakuwa na fedha ya kuyatengeneza.

Tatizo la kwanza lilikuwa paa. Nyumba za Lo huezekwa kwa boriti za mbao, juu yake vijiti, na juu ya vijiti udongo ulioshindiliwa. Paa likivuja, huongezwa udongo. Likivuja tena, huongezwa mwingine. Baada ya karne kadhaa uzito unakuwa mkubwa, boriti zinapinda, nguzo zinadidimia, na maji yanakusanyika mahali palipobonyea na kuingia ndani kwa wingi zaidi kuliko mwanzo. Kila msimu theluji ikiyeyuka, maji yaliteremka juu ya uso wa michoro.

Hapa inafaa tuitazame lipu kwa karibu, kwa kuwa ugomvi wote umejengwa juu yake. Michoro maarufu ya makanisa mengi ya Italia ilichorwa lipu ikiwa mbichi, rangi ikaingia ndani ya chokaa na kuganda nayo. Michoro ya Kitibeti haifanywi hivyo. Ukuta wa udongo hupakwa tabaka za udongo zinazozidi kuwa laini, za mwisho zikasuguliwa kwa jiwe hadi ziteleze, zikaachwa zikauke kabisa. Ndipo huja rangi: buluu ya jiwe la azuriti, kijani cha malakiti, nyekundu ya sinabari, njano ya madini ya aseniki, na dhahabu. Mawe husagwa, yakachanganywa na gundi ya ngozi ya mnyama. Kinachoishikilia rangi ukutani ni gundi hiyo tu, na gundi hiyo huyeyuka kwa maji. Tone moja la paa linaloteremka ukutani linaweza kuchukua njia nyembamba kutoka paji la uso wa Buddha hadi gotini, na katika njia hiyo hakuna kinachobaki ila udongo. Pengine lipu yenyewe huachana na ukuta, ikajitunisha na kubaki inaning'inia. Ukiigonga kwa kidole inatoa sauti ya kitu kitupu. Siku ikidondoka, inadondoka na kila kilichochorwa juu yake.

Juu ya yote hayo kulikuwa na masizi. Taa za siagi zimewaka ndani ya kumbi zile kwa vizazi ishirini, na moshi wake una mafuta, unanata, unakusanya vumbi. Wageni wa miaka ya 1990 walioingia Thubchen walikuta ukumbi wa giza wenye vivuli vya kahawia, na ilihitaji tochi na subira kutambua kwamba kivuli fulani kilikuwa na macho.

Kazi ilianza mwishoni mwa miaka ya 1990. Fedha zilitoka American Himalayan Foundation, taasisi ya Marekani; raja wa mwisho wa Lo, Jigme Dorje Palbar Bista, pamoja na watawa na wakazi, walitoa ridhaa na watu. Mbunifu majengo Mwingereza John Sanday, aliyekuwa amefanya kazi ya ukarabati Nepal tangu miaka ya 1970, alishughulikia majengo. Michoro iliongozwa na wahifadhi wa Kiitalia, kwanza Rodolfo Lujan na baadaye Luigi Fieni, aliyefika Lo Manthang mwaka 1999 akiwa bado kijana na akaendelea kurudi mwaka hadi mwaka.

Walianza na paa, na kwa maoni yangu uamuzi huo, ambao magazeti hayaugusii sana, ndio uliookoa kila kitu kilichofuata. Hakuna maana ya kusafisha uso wa bodhisattva ikiwa msimu ujao maji yatapita pale pale. Udongo wa ziada uliondolewa, mbao zilizooza zikabadilishwa, tabaka za paa zikapangwa upya kwa ufundi wa kienyeji ulioboreshwa kidogo. Mahali ambapo msitu hakuna, kupata boriti ndefu ni shughuli yenyewe: inabidi mti utoke mbali, upandishwe bondeni kwa nguvu za watu na wanyama.

Kwa mujibu wa dini kulikuwa na kazi nyingine iliyotangulia. Kwa Mbuddha wa mapokeo ya Kitibeti, picha iliyowekwa wakfu hukaliwa. Kabla fundi hajaigusa kwa chombo, lama, yaani mwalimu wa dini, hufanya ibada ya kuwaomba watakatifu waliomo wahamie ndani ya kioo, na kioo hicho huhifadhiwa hadi matengenezo yaishe, kisha ibada ya kuweka wakfu huwarudisha. Wakati wa kazi, ukuta ni ukuta. Kabla na baada, si hivyo. Yeyote anayetaka kuelewa mzozo uliotokea baadaye asiisahau ibada hii.

Baada ya hapo ndipo mafundi walipokaribia lipu. Sehemu zilizotuna zilidungwa mchanganyiko wa udongo laini kwa bomba la sindano, zikashikizwa taratibu hadi ziambatane na ukuta. Rangi iliyokuwa ikipukutika ilikazwa kwanza, masizi yakaondolewa baadaye, sentimita kwa sentimita, kwa pamba na viyeyushi vilivyojaribiwa kwenye kipande kidogo kabla ya kutumiwa penginepo. Yaliyojitokeza chini ya weusi ule yalikuwa ya kushangaza: buluu iliyokolea, dhahabu, na nyuso zenye utulivu ambazo hapakuwa na aliye hai aliyewahi kuziona hivyo.

Mafundi hao walikuwa nani? Wengi wao walikuwa Waloba wenyewe, watu wa Lo, wakulima na wachungaji ambao hawakuwahi kushika brashi. Walifundishwa papo hapo, juu ya jukwaa la mbao, kuanzia kuchanganya udongo hadi kukaza rangi. Miongoni mwao walikuwemo wanawake, na hilo halikupita kimya, maana kwa desturi kuchora na kutengeneza picha takatifu ilikuwa kazi ya wanaume. Walikubaliwa hatua kwa hatua, na wengine wao wakawa miongoni mwa mikono iliyo thabiti zaidi kwenye timu nzima. Nasisitiza jambo hili kwa sababu katika miradi mingi ya urithi duniani mwenyeji hubeba mchanga na mgeni hushika brashi. Lo Manthang mpangilio huo ulivunjwa, na kuvunjwa kwake kulikuwa na matokeo: watu walioyaokoa macho ya Buddha kwa vidole vyao walipata haki ya kusema kuhusu sehemu zilizokosa macho.

Hapo ndipo tunaufikia mzozo.

Wahifadhi wa Kiitalia walikuja na elimu ya Roma, na elimu hiyo si ya kubezwa. Taasisi ya serikali ya ukarabati iliyoanzishwa Roma mwaka 1939 ililea wazo la Cesare Brandi, mkurugenzi wake wa kwanza, kwamba mrejeshaji hana ruhusa ya kughushi historia ya kitu. Pengo likijazwa, lijazwe kwa namna ambayo mtazamaji wa mbali haoni doa, lakini akisogea anatambua mara moja kwamba sehemu hii ni mpya. Kwa mfano kwa mistari myembamba iliyosimama wima, ambayo jicho huiunganisha kutoka mbali. Mkataba wa Venice wa mwaka 1964 uliyapa mawazo ya aina hiyo uzito wa kimataifa. Kifungu cha 9 kinataka ukarabati ukome pale kukisia kunapoanza, na kifungu cha 12 kinataka sehemu za kujazia zioane na jengo zima huku zikitofautika na za asili. Kwa kanuni hizo, mahali penye udongo mtupu Thubchen palistahili kupakwa rangi tulivu ya udongo na kuachwa.

Waloba walitazama kazi hiyo na kuuliza swali la waumini. Kwa nini Buddha hana mkono?

Kwao picha ile ni mahali pa kusujudia. Kuipa uhai picha takatifu kuna kanuni: vipimo vya kichwa, kifua, magoti na vidole vimeandikwa katika vitabu vya dini, mchoraji hupiga mistari ya kipimo kabla ya kuchora, na picha yenye kasoro ya vipimo haiwaletei wenyewe heri. Kugharimia picha kamili kuna thawabu; kuacha picha takatifu ikiwa imekatika wakati uwezo wa kuikamilisha upo ni jambo ambalo muumini hawezi kulieleza mbele ya watoto wake. Tena, hakuna zama ambazo mahekalu haya yaliachwa bila kuguswa. Mababu walipaka upya, waliongeza, walibadilisha. Kwa nini kizazi hiki kizuiwe?

Raja, watawa na wakazi walishikilia msimamo huo kwa miaka. Hatimaye, hasa katika kazi ya Jampa, Fieni na timu yake walikubali: mapengo yatajazwa kwa michoro, kwa mtindo wa karne ya 15, baada ya kuchunguza kila kilichobaki kwenye kuta zile zile. Mafundi Waloba wakawa wachoraji.

Lawama hazikuchelewa. Wanahistoria wa sanaa waliona hatari ambayo mimi pia naiona kuwa ya kweli. Mahekalu ya karne ya 15 yenye michoro ya kiwango hiki ni machache sana Himalaya, na mengi ya Tibet yaliharibiwa katika karne ya 20, hasa wakati wa Mapinduzi ya Utamaduni ya China. Ukuta wa Jampa ni ushahidi: namna pindo la vazi lilivyochorwa, umbo la ua, mpangilio wa watakatifu kwenye mandala, vyote vinamweleza mtafiti nani alimfundisha nani, na mafundisho gani yalisafiri kutoka monasteri gani. Kipande kipya kikifanana mno na cha zamani, mtafiti wa miaka mia ijayo atasoma mkono wa mwaka 2010 akidhani anasoma wa mwaka 1450. Hasara hiyo hairekebishiki kwa nia njema.

Sasa niseme ninavyoona mimi.

Naanza na haki ya kuamua, kwa kuwa bila hiyo mengine yote ni ufundi tu. Mkataba wa Venice ulitungwa na wataalamu ambao majengo ya historia waliyoyafikiria zaidi yalikuwa magofu, makumbusho na makanisa ya Ulaya. Mwaka 1994, wataalamu walipokutana Nara nchini Japani, ambako mahekalu ya mbao yamekuwa yakifunguliwa na kukarabatiwa kipande kwa kipande kwa karne nyingi, walikubaliana katika hati yao kwamba uhalisi wa urithi hauwezi kupimwa kwa vigezo vya kudumu vya aina moja. Kila urithi upimwe ndani ya utamaduni ulio wake. Hati ya Nara ilikuwepo kabla ya kazi ya Lo Manthang kuanza. Anayewalaumu Waloba kwa kuvunja kanuni za uhifadhi anataja nusu ya kanuni.

Hekalu la Jampa ni la watu wanaoingia ndani yake kusali, na kwa hiyo neno la mwisho ni lao. Hilo naliamini bila kusita. Lakini haki ya kuamua haitoi jibu la wapi brashi ipite na wapi isipite, na hapa naona pande zote mbili zilizungumza juu ya "mapengo" kana kwamba ni kitu kimoja.

Chukua mandala. Mandala ni kasri la mtakatifu lililochorwa kwa kutazamwa kutoka juu, lenye pande nne na milango minne, na kila aliyemo ana nafasi, rangi, mkao na kifaa cha mkononi kilichotajwa kwenye maandiko. Maji yakifuta robo ya mandala, robo tatu zilizobaki pamoja na kitabu zinatosha kuijua robo iliyopotea kwa kiwango kikubwa. Anayeichora upya anakisia mtindo wa mkono, hakisii maana. Vivyo hivyo ukanda wa maua unaojirudia ukutani kote, au safu ya mabuddha wadogo wanaofanana mmoja na mwingine. Katika sehemu kama hizo hoja ya kifungu cha 9 inapungua nguvu, maana kukisia ni kudogo.

Uso mkubwa wa mtakatifu mkuu ni jambo jingine. Maandiko yanatoa vipimo vyake, lakini mpindo wa kope, uzito wa mdomo, kivuli cha shavu vilikuwa vya mchoraji yule na mwalimu wake. Ukivichora upya unaweka uso wa mtu mwingine. Na zipo sehemu ambazo hazina andiko la kuzilinda kabisa: wafadhili waliochorwa pembeni na mavazi yao, matukio ya simulizi, na maandishi yaliyo chini ya picha. Maandishi hasa. Herufi iliyofutika isirudishwe na yeyote, hata lama mwenye elimu ya juu, kwa sababu jina moja lililokisiwa vibaya linaweza kuhamisha hekalu zima kutoka kwa mfadhili mmoja hadi mwingine katika vitabu vya historia.

Kwa mgawanyo huo, sioni sababu ya kumnyima muumini mandala kamili, na naona sababu nzito ya kumsihi aache maandishi yalivyo. Uso ndio mahali pagumu. Mimi ningeruhusu uchorwe ikiwa mtakatifu huyo ndiye anayesujudiwa hasa katika ukumbi, kwa kuwa kumwacha bila uso ni kulifunga hekalu huku mlango uko wazi. Natambua kwamba mhifadhi makini anaweza kukataa hapa, na nisingemwita adui wa Waloba kwa kukataa kwake.

Kitu ambacho hakina mjadala ni kumbukumbu. Ukuta upigwe picha, pamoja na kila pengo, katika mwanga wa kutosha, kabla brashi haijanyanyuliwa. Mpaka kati ya rangi ya kale na rangi mpya uchorwe kwenye ramani ya ukuta. Rangi mpya iwe ya aina inayoweza kuondolewa bila kuidhuru ya zamani, na hilo linawezekana, kwa kuwa lipu ya pengo ni mpya na ya asili iko kando yake. Nakala ziwekwe Lo Manthang kwenyewe, zisiishie kwenye kabati la wahifadhi huko Roma au la wafadhili huko San Francisco. Mtafiti wa kesho akiikuta ramani hiyo, sehemu kubwa ya hofu ya wanahistoria inapata jibu. Asipoikuta, hofu yao imethibitika hata kama kila mstari ulichorwa kwa ustadi. Uzito wa kisa kizima, kwa maoni yangu, uko hapa zaidi kuliko kwenye swali la kuchora au kutochora.

Kuna upande mwingine unaosahaulika tukibishana juu ya rangi. Utawala wa raja uliisha rasmi mwaka 2008 Nepal ilipokuwa jamhuri, na Jigme Dorje Palbar Bista alifariki mwaka 2016. Aliyekuwa na uwezo wa kuwaita watu wa mji wote kuja kuondoa theluji juu ya mapaa ya mahekalu, wakaja, hayupo. Barabara ya magari imefika Lo Manthang na kuendelea hadi mpaka wa China kule Korala. Inaleta saruji, mabati, dawa na watalii, na inawaondoa vijana kwa urahisi uleule. Waloba wengi hushuka wakati wa baridi kwenda kufanya biashara Nepal ya kusini na India, na wako waliohamia New York moja kwa moja. Mji ambao wachoraji wake wamefunzwa kwa miaka mingi unaweza kubaki na michoro mizima na mikono michache ya kuitunza.

Hali ya hewa nayo imebadilika. Nchi iliyojengwa kwa udongo kwa sababu mvua ni haba sasa hupata vipindi vya mvua kubwa ambavyo mapaa bapa hayakukusudiwa kuvihimili, huku vijiji vingine vya Mustang ya Juu, kama Samdzong na Dhe, vikikosa maji ya kunyweshea mashamba kiasi cha wakazi wake kulazimika kuhama. Mvua moja ya siku mbili mfululizo inaweza kuingia Jampa na kufuta kazi ya miaka kumi, ya karne ya 15 na ya karne ya 21 kwa pamoja, bila kubagua iliyo halisi na iliyojazwa.

Ndiyo maana nikiulizwa ni hatua gani inayofuata, sitaji brashi wala mkataba. Nataja mshahara wa watu wawili au watatu wa Lo Manthang, miongoni mwa waliofunzwa, wa kupanda juu ya paa la Jampa na la Thubchen kila theluji inapoanguka na kila mvua inapokatika, wakaziba ufa ukiwa bado mdogo, na wakati wa kiangazi wakatembea mbele ya kuta na ile ramani mkononi, wakigonga lipu kwa kidole na kusikiliza palipoachana. Fedha za aina hiyo ni kidogo kuliko gharama ya msimu mmoja wa ukarabati. Ila ni ngumu kuzipata, kwa kuwa hazina picha ya kabla na baada ya kumwonyesha mfadhili. Fedha nyingi hulipwa na wageni kwa vibali vya kuingia Mustang ya Juu, na Waloba wamelalamika kwa miaka kwamba kinachowarudia ni kidogo. Sehemu ya vibali hivyo ikitengwa kisheria kwa ajili ya mapaa ya mahekalu, ikasimamiwa na watawa pamoja na baraza la mji, mafundi hao watakuwa na sababu ya kubaki.